Ukingo wa Chuma: Sifa za John Curry

Atazamaye mchezo wa kuteleza kwenye barafu kwa mara ya kwanza huvutwa na mirukio. Mwili unapaa, unazunguka kufumba na kufumbua, unatua, na ukumbi mzima unapiga makofi. Mirukio inastahili sifa hizo, kwani imevunja mifupa ya wengi. Mimi nataka kuusifu ufundi unaokaa kati ya mruko na mruko, ule usiopigiwa makofi, na siwezi kuusifu bila kumtaja John Curry wa Birmingham, Uingereza.

Curry alizaliwa tarehe 9 Septemba 1949. Utotoni alitamani kusomea baleti, lakini baba yake alikataa katakata. Machoni pake haikuwa kazi ya mwanamume. Kuteleza kwenye barafu kulihesabiwa kuwa mchezo wa mashindano, kwa hiyo kukaruhusiwa. Akiwa na umri wa miaka saba mvulana yule aliingia barafuni, na ile ngoma aliyonyimwa akaingia nayo.

Ili kuelewa alichokifanya huko, tukitazame kiatu. Chuma kilicho chini yake kina unene wa milimita nne hivi, na tumboni kimechongwa mfereji mwembamba kwa urefu wake. Mfereji huo huacha kingo mbili kali, mmoja wa ndani na mwingine wa nje. Fundi huegemea ukingo mmoja, na barafu humjibu kwa kumpeleka katika duara. Kadiri anavyoinama ndivyo duara linavyokaza, kama ngalawa inavyolala kando huku tanga likiisukuma mbele. Goti hukunjwa, kisha hunyooka taratibu, na hatua moja iliyopigwa sawasawa humfikisha mbali bila kusukuma tena. Ukingo ukikosewa kidogo tu, chuma hukwaruza, na sikio la mjuzi hulinasa kosa kabla jicho halijaliona.

Enzi za Curry ukingo ulikuwa na mtihani wake. Kabla ya kucheza kwa muziki, mshindani alichora kwa mguu mmoja maumbo ya namba 8, akayarudia juu ya mstari uleule, kisha waamuzi wakainama kuikagua michoro barafuni. Ulikuwa mtihani wa ukimya na subira, nao ulifutwa katika mashindano ya kimataifa mwaka 1990. Curry alipitia shule hiyo kama wenzake. Upekee wake ni kwamba usahihi ule uliokaguliwa mistarini aliupeleka kwenye muziki, akautia mabegani, shingoni na katika ncha za vidole.

Haikuwa rahisi. Mwanamume barafuni alitarajiwa kuonyesha nguvu na kasi, na Curry alikosolewa kwamba ana madaha mno. Alipata mfadhili Mmarekani, akavuka bahari kwenda kufunzwa na Carlo Fassi huko Colorado, na kwa mwalimu Gustave Lussi akaijenga upya mirukio yake. Madaha hakuyaacha. Mwaka 1976, akiwa na umri wa miaka 26, alitwaa ubingwa wa Ulaya, kisha dhahabu ya Olimpiki mjini Innsbruck, kisha ubingwa wa dunia mjini Göteborg.

Muziki alioucheza Innsbruck ulitoka katika baleti ya Don Quixote ya mtunzi Minkus. Katika mchezo ule mruko haukati mkondo wa muziki. Unazaliwa na ukingo na kurudi kwenye ukingo. Mkono unamalizia pale fidla inapomalizia. Hakuna kujiandaa kunakoonekana, wala kuhema kati ya jambo moja na lingine.

Ushindi ulimletea pia udadisi wa magazeti, yaliyoanika kwamba aliwapenda wanaume wenzake, katika zama ambazo habari hiyo iliweza kumwangusha mtu. Aliendelea na kazi. Aliunda kundi lake la wacheza barafu, akawafanyisha kila siku mazoezi ya kingo kama wacheza baleti wanavyofanya mazoezi yao ya asubuhi, na mwaka 1984 kundi hilo lilicheza katika jumba la Metropolitan Opera, New York. Ugonjwa wa UKIMWI ulimrudisha nyumbani Uingereza, akafariki tarehe 15 Aprili 1994 akiwa na umri wa miaka 44.

Leo vijana huzunguka mara nne hewani, na kwa hesabu ya mizunguko Curry angeachwa mbali. Hesabu ndivyo ilivyo: kila kizazi huipita ya kizazi kilichotangulia, na rekodi ya jana inakuwa zoezi la leo. Ila ukitazama filamu za Curry huoni mchezo uliozeeka, kwa sababu mwili uliowekwa sawasawa juu ya ukingo mmoja hauna namba ya kupitwa. Mwalimu anayetaka mwanafunzi wake adumu humwanzishia hapo, kwa goti, ukingo na subira, na mirukio huja baadaye ikiwa na mahali pa kusimama.