Mtu Anayeuliza Ulipitia Wapi

Wakenya wengi wanalijua jina la Ominde kwa sababu ya shule. Tume ya elimu iliyoongozwa na Profesa Simeon Ominde mwaka 1964 ndiyo iliyochora elimu ya taifa jipya, na mwalimu aliyepitia chuo cha ualimu hawezi kusema hajakutana nayo kwenye mtihani. Ila fani yake hasa ilikuwa jiografia, na jambo lililomshughulisha ni kwa nini watu huhama na huenda wapi. Kitabu chake, Land and Population Movements in Kenya, kilitoka mwaka 1968. Kwangu mimi, hicho ndicho cha kumkumbukia kwanza.

Tazama anwani yake: ardhi imetangulia, watu wamefuata. Mpangilio huo una uzito. Kodi ya kibanda ilianza mwaka 1901, na baada ya muda ikamlazimu mtu kutafuta fedha taslimu mbali na kwao. Nyanda za juu zenye rutuba zikatengewa walowezi, wenyeji wakabanwa kwenye rizavu. Baada ya Vita Vikuu vya Kwanza kikaja kipande, yaani hati ya utambulisho, kikining'inia shingoni ndani ya kikebe cha bati. Kwa hiyo kijana wa Maragoli aliyeonekana kwenye mashamba ya chai ya Kericho au kwenye nyumba za reli za Muthurwa hakuwa ameponzwa na taa za mji, kama ilivyopendwa kuhubiriwa. Mipaka iliyochorwa na wengine ndiyo iliyomsukuma. Kuliona hilo, kisha kulionyesha wilaya kwa wilaya kwa takwimu za sensa, ndiko kunakomtenga mwanajiografia na mhubiri.

Kazi hii ina babu yake. Ernst Georg Ravenstein, mzaliwa wa Frankfurt aliyehamia Uingereza akiwa kijana, alitoa makala yake mashuhuri mwaka 1885. Alikaa na majedwali ya sensa safu kwa safu, akilinganisha mahali mtu alipozaliwa na mahali alipokutwa. Akaona kwamba wengi hawaendi mbali, na kwamba kila mkondo wa waendao huzaa mkondo wa warudio. Akaona pia kuwa katika safari fupi wanawake huwazidi wanaume. Hilo la mwisho lilisahauliwa kwa muda mrefu, labda kwa kuwa waliolisoma walikuwa wanaume. (Huyo huyo alichora ramani kubwa ya Afrika Mashariki kwa ajili ya Royal Geographical Society, na mwaka 1898 akatafsiri kwa Kiingereza shajara ya safari ya kwanza ya Vasco da Gama, ile iliyopita Mombasa na Malindi.)

Lakini jedwali la namna hiyo huona nukta mbili tu. Chukua mtoto aliyezaliwa hospitali ya Pumwani jijini Nairobi, akapelekwa Siaya kwa nyanya yake kabla hajaota meno, akasomea huko hadi kidato cha nne, kisha akarudi Nairobi kutafuta kazi. Sensa ikimkuta Siaya akiwa darasa la tano, ni mhamiaji kutoka Nairobi. Ikimkuta Nairobi ana miaka ishirini na mitano, hajawahi kuhama popote. Tena huenda mwenyewe, akiulizwa alizaliwa wapi, ajibu Siaya, maana Pumwani kwake ni jina la hospitali tu na kwao ni ushago, kijijini. Hajadanganya, amejibu swali ambalo karani hakumuuliza.

Mswidi Torsten Hägerstrand alikabiliana na upungufu huo kwa subira ya ajabu. Alichagua parokia moja ya mashambani, Asby. Yeye na mkewe Britt wakavifuatilia vitabu vya kanisa, ambamo mchungaji aliandika nani kaingia na nani katoka, mpaka wakapata mienendo ya wakazi wake, mtu mmoja mmoja, kwa takriban karne nzima.

Sisi vitabu hivyo hatuna. Mtafiti wa kwetu hutegemea kumbukumbu, na hapo ndipo ufundi wake huonekana. Bibi wa miaka sabini huenda asikumbuke kwamba alihamia Nakuru mwaka 1984, lakini anaikumbuka njaa ya mwaka ule na mahindi ya njano. Basi mtafiti huja na kalenda ya matukio: uhuru, kifo cha Mzee Kenyatta mwaka 1978, njaa ile, mvua za El Niño za 1997. Kila uhamaji huuweka katikati ya mambo hayo, kisha anauliza: nauli alitoa nani? Ulifikia kwa nani? Watoto walibaki na nani? Ukimuuliza mtu kwa nini alihama atakujibu "kutafuta maisha", na mazungumzo yameisha. Muulize alipitia wapi, na hapo atatokea shangazi wa Eldoret, kibarua kilichokatika, mume aliyeoa tena.

Swali hilo halina uzito mmoja kila mahali. Kwa mkimbizi wa Kakuma au Msomali wa Eastleigh, "umetoka wapi?" ni swali la askari. Mtafiti anayejua kazi hunywa chai kwanza, na siku nyingine huondoka na daftari tupu bila kinyongo.

Mnigeria Akin Mabogunje, aliyezaliwa Kano katika familia ya Wayoruba, aliandika mwaka 1970 kwamba kijiji na mji ni mfumo mmoja: habari za waliotangulia ndizo huamua nani afuate na nani abaki. Siku hizi habari hizo husafiri kwa simu, na tangu M-Pesa ilipoanza mwaka 2007, pesa hurudi nyumbani hata mwenyewe asiporudi. Anayehesabu watu bila kuuliza nani humtumia nani pesa amepima nusu ya uhamaji.

Kenya inatarajiwa kuhesabiwa tena mwaka 2029. Karani akikuuliza ulizaliwa wapi, na ikiwa ni Pumwani, mwambie Pumwani. Ya ushago mwekee mtafiti atakayekuja na muda wa kukusikiliza.