Mfupa Ambao Haujaunga: Uhakiki wa Misimbo ya Mivunjiko ya Kiwiko kwa Kuangazia Kiswahili cha Wakimbizi wa Kenani

1.0 Utangulizi

Msimbo wa ugonjwa huchukuliwa kuwa suala la madaktari na makarani wa takwimu. Makala haya yanadai kuwa ni suala la lugha pia, kwani kabla ya msimbo kuandikwa, mgonjwa husimulia na mara nyingi mtu mwingine hutafsiri. Hoja hiyo inajadiliwa kupitia mivunjiko ya kiwiko inayochelewa kuunga, katika mazingira ya Kenani, kituo cha mpito kilichopo wilaya ya Nchelenge, mkoa wa Luapula, Zambia. Kituo hicho kilifunguliwa mwaka 2017 kuwapokea Wakongo waliokimbia mapigano katika majimbo ya Haut-Katanga na Tanganyika. Kuanzia Januari 2018 wakimbizi walihamishiwa makazi ya Mantapala, katika wilaya hiyohiyo. Hapo Kiswahili cha Kongo hukutana na Kibemba cha wenyeji na Kiingereza, lugha rasmi ya Zambia.

2.0 Kiwiko kilichogawanywa

Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, toleo la kumi (ICD-10), uliidhinishwa na Baraza la Afya Duniani mwaka 1990. Ndani yake kiwiko hakina makao mamoja. Katika sura ya majeraha, kiwiko kimewekwa pamoja na kigasha (S50–S59). Hata hivyo, mvunjiko wa ncha ya chini ya mfupa wa mkono wa juu, ambao ni sehemu ya kiwiko, hupewa S42.4 katika kundi la bega. Uungaji ukichelewa, msimbo unaohusika, M84.2, umo katika sura ya mifupa na misuli, ambamo kiungo cha kiwiko huhesabiwa pamoja na mkono wa juu. Kiwiko ni jirani wa kigasha katika sura moja na jirani wa bega katika nyingine.

Kiswahili nacho kina utata wake. Neno “mkono” hutaja kuanzia begani hadi vidoleni. “Kiwiko” kwa wengi leo ni pale mkono unapokunjwa, lakini katika matumizi mengine “kiwiko cha mkono” ni kifundo kilicho karibu na kiganja. “Kisugudi” lingeondoa utata huo, ila halijulikani kwa wasemaji wote. Faharasa inayolinganisha neno moja la Kiingereza na neno moja la Kiswahili hulificha tatizo hili badala ya kulitatua.

3.0 Wakati uliomo katika kitenzi

Uundaji wa istilahi za tiba umeelemea nomino. Msimbo unaojadiliwa hapa, hata hivyo, hutegemea wakati. ICD-10 hutenganisha kuunga kombo (M84.0), kutounga (M84.1) na kuchelewa kuunga (M84.2). Tofauti hizo Kiswahili sanifu hubeba katika kitenzi: mfupa umeunga vibaya, haukuunga, haujaunga. Kiambishi -ja- huacha mlango wa matarajio wazi, na matarajio ndiyo yanayotofautisha kuchelewa na kushindwa.

Ulinganifu huo una mipaka. “Haujaunga” katika wiki ya tatu ni hali ya kawaida. Katika mwezi wa sita ni dalili ya tatizo. Kigezo kinachotumiwa sana cha kutounga ni miezi tisa tangu kuumia, mitatu ya mwisho ikiwa bila maendeleo. Aidha, Kiswahili cha Katanga kina viambishi na upatanisho wa ngeli usiolingana daima na usanifu. Hivyo swali lililoandikwa kwa Kiswahili sanifu halina budi kujaribiwa kwanza kwa wasemaji wenyewe.

Kitenzi “kupona” kina hatari kubwa zaidi. “Mkono haujapona” huweza kumaanisha mfupa haujaunga, maumivu hayajaisha, au kiwiko hakinyooki. Kiwiko hukakamaa upesi kikifungwa muda mrefu, hata mfupa ukiwa umeunga. Ukakamavu una msimbo wake, M25.6, na tiba yake. Mkalimani anayetafsiri maana zote tatu kwa sentensi moja anakuwa amechagua utambuzi wa ugonjwa pasipo kujua.

4.0 Gharama ya kosa

Mgonjwa aliyefungwa gango Pweto, akapita Kenani na kufika Mantapala, anaweza kuandikiwa S42.4 kila anapopokelewa. Jeraha moja huhesabiwa kama majeraha mapya mawili au matatu, na ucheleweshaji hauonekani popote. Toleo la Marekani, linalotumika tangu 1 Oktoba 2015, limeingiza wakati ndani ya msimbo: herufi G mwishoni huonyesha ziara ya ufuatiliaji wa mvunjiko unaochelewa kupona. ICD-11, iliyoanza kutumika 1 Januari 2022, huruhusu kuunganisha misimbo. Maboresho hayo ni ya maana, lakini hayasaidii ikiwa hakuna aliyeuliza tarehe ya kuumia.

Inaweza kudaiwa kuwa zahanati ndogo haihitaji undani huo, na kwa muhtasari wa mwezi dai hilo lina uzito. Kwa mgonjwa anayesubiri rufaa ya kwenda hospitali ya Mtakatifu Paulo, Kashikishi, halina: uamuzi wa picha ya eksirei, mazoezi ya viungo au upasuaji hutegemea mahali na muda.

5.0 Hitimisho

SADC iliifanya Kiswahili kuwa lugha yake rasmi mwaka 2019, na Zambia na Kongo zote ni wanachama. Hadhi hiyo ipimwe katika chumba cha matibabu. Kabla ya faharasa nyingine kuchapishwa, wakalimani wapewe maswali matatu yaliyojaribiwa: gusa mahali palipovunjika, uliumia lini, kabla au baada ya kuvuka mpaka, tangu hapo ni kipi kimebadilika na kipi hakijabadilika? Majibu yaandikwe kwenye karatasi ambayo mgonjwa ataondoka nayo. Msimbo utafuata.