Msimulizi na Walimu Wake

Wapo wanaolipuuza Msimulizi, gazeti lililoanza kutoka Kiungani, Unguja, mwaka 1888, wakidai kwamba lilikuwa tarumbeta ya wamisionari wa UMCA tu. Ni kweli, mashine ya kupigia chapa ilikuwa yao, na dini ndiyo iliyotangulizwa. Tena herufi zake za Kirumi ziliwaacha nje watu wengi wa pwani waliozoea hati za Kiarabu. Hata hivyo, habari nyingi za vituo ziliandikwa na walimu Waafrika, baadhi yao wakiwa wamekombolewa utumwani wakingali watoto. Walisimulia safari na shule zao kwa Kiswahili chepesi kisicho na madoido. Mimi niliyefundisha walimu miaka mingi naona kwamba tunapoitafuta asili ya nathari yetu, haifai kuwaruka hao.