Mahakama ya Majira: Uchawi na Wakati katika Simulizi za Ufipa

Jina la mji wa Sumbawanga, kwa maelezo ya wenyeji wake, ni amri: tupa uchawi. Wageni hulitaja kwa kicheko au kwa hofu, na baada ya hapo hawaulizi zaidi. Lakini mwanafunzi wa fasihi simulizi hana budi kuuliza. Amri hutolewa baada ya kosa kujulikana, na kosa hujulikana baada ya mtu kushtakiwa. Je, mchawi wa simulizi hizi hushtakiwa kuwa ameiba nini? Makala hii yashikilia kwamba, mara nyingi, mali inayodaiwa kuibwa ni wakati.

Tuanze na mvua. Nyanda za juu za Ufipa zina msimu mmoja wa mvua, kuanzia Novemba hadi Aprili hivi. Mkulima aliyekosa msimu huo hana msimu wa pili wa kufidia. Kwa hiyo anayedaiwa kufunga mvua hatuhumiwi kwa wiki tatu za ukame tu. Anatuhumiwa kwa mwaka mzima wa watu wengine. Pili ni umri. Mzee aishiye miaka mingi huku vijana wa ukoo wake wakizikwa hushukiwa kuwa amejiongezea miaka kutoka katika miaka yao. Tatu ni msukule, imani iliyoenea katika sehemu nyingi za Tanzania: mtu adhaniwaye kuwa amekufa, kumbe analima shamba la bwana wake usiku wenzake wakilala. Kosa la bwana huyo ni kuzinyang'anya saa za mwenziwe na kuzigeuza kuwa mavuno yake mwenyewe.

Dhamira ya simulizi hizi, basi, si nyepesi. Zinakataa kwamba neema ya mmoja na dhiki ya jirani yake ni mambo yasiyohusiana. Zinauliza: ziada hii ilitoka katika jasho la nani? Swali hilo ni la haki, na jamii iliyolitunga haikuwa jamii ya wajinga.

Simulizi ya asili ya utawala wa Ufipa nayo ina mgogoro wa wakati. Ntatakwa, mtawala wa kwanza, husemwa kuwa alishuka kutoka mbinguni, na makao yake yalikuwa Milansi, jina linaloelezwa kuwa na maana ya kijiji cha milele. Siku moja mtawala wa Milansi akiwa mawindoni, walifika wanawake wageni wakakalia kiti chake. Tangu hapo nguvu za dola zikawa za wageni, lakini heshima ya utangulizi ikabaki Milansi. Fundisho ni kwamba aliyetangulia ana haki ambayo aliyefuata hawezi kuifuta. Kwa maneno mengine, wakati ni cheo, na wenye cheo hicho ni wazee.

Ni nani, basi, angeweza kuwahukumu wazee? Jibu lilikuja kwa jina la Kamchape. Harakati hii, ambayo chimbuko la jina lake ni neno la Kinyanja lenye maana ya kufua, ilitokea Nyasaland, yaani Malawi ya leo, na kuenea nchi jirani katika miaka ya 1930. Mtaalamu wa elimu ya jamii Roy Willis, aliyefanya utafiti Ufipa, aliiona ikipita huko tena mwaka 1963 na 1964, akaandika juu yake mwaka 1968. Vijana walifika kijijini, wakawapanga watu, wakawatambua washukiwa, wakadai pembe na dawa zitolewe, kisha wakawachanja wote dawa ya kinga. Aliyerudia uchawi baada ya hapo, walisema, angekufa. Willis alionyesha kuwa chini ya zoezi hilo ulikuwapo mvutano wa vijana na wazee.

Tukiitazama Kamchape kama tunavyotazama tamthilia, fani yake ni ya hali ya juu. Ina jukwaa, ina hadhira inayoshiriki, na ina kilele. Hukumu yake hasa imekabidhiwa siku zijazo: kifo chochote cha baadaye kitakuwa ushahidi kwamba mahakama haikukosea. Lakini sifa hiyo ya kisanaa ndiyo aibu yake ya kisheria. Mahakama ambayo kila tukio lijalo laithibitisha haiwezi kumwachilia mtu yeyote. Mzee akifa, alirudia. Asipokufa, dawa imemtisha. Mtuhumiwa hana la kujitetea.

Wala mahakama ya mkoloni haikuwa na usafi wa kujivunia. Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928 ilimshika mtu anayejidai kuwa na nguvu za uchawi, bila kukiri kwamba nguvu hizo zipo. Hata hivyo ilimpa mtawala wa wilaya uwezo wa kumwamuru mtu aliyeshukiwa akaishi mahali pengine. Mlango wa mbele uliukana uchawi, na mlango wa nyuma ukamtoa mzee kijijini.

Hapa ndipo penye kosa kubwa la mahakama zote mbili. Katika miaka ya ukoloni wanaume wa Ufipa walikwenda mbali kufanya kazi ya manamba katika mashamba ya mkonge. Huko mtu alipewa kipande chenye siku 30 za kazi, na siku ambayo hakuimaliza kazi aliyopimiwa haikuhesabiwa. Huo ulikuwa wizi wa wakati, tena ulioandikwa kwenye karatasi. Nyumbani mashamba yalipungukiwa mikono. Simulizi ya msukule ilililenga kosa hilo barabara: mtu aliyetoweka analima kwa faida ya mwingine. Lakini ilipofika zamu ya kumtaja mwizi, kidole kilimwelekea kikongwe wa jirani.

Mwalimu anayefundisha simulizi hizi asizidhihaki, wala asizifundishe kama ripoti ya polisi. Awaulize wanafunzi: kosa ni lipi, mshtakiwa ni nani, na ushahidi uko wapi? Swali la kwanza simulizi hulijibu vizuri. La pili na la tatu hulijibu vibaya, na katika nchi yetu wazee, wengi wao wanawake, wameuawa kwa sababu ya majibu hayo mabaya.

Ufipa yenyewe ina mfano bora wa kuutawala wakati. Mkulima wake hugeuza udongo pamoja na majani, akajenga intumba, yaani matuta ya mviringo, ili majani yaoze ndani na kuirutubisha ardhi kwa mazao ya msimu ujao. Msimu mmoja huukopesha mwingine, na hakuna aliyeibiwa. Ujuzi huo nao ni urithi wa wazee walewale waliosimamishwa kwenye mstari wa Kamchape.