Kabla ya Penseli ya Mchoraji

Katika muswada wa filamu ya katuni Beauty and the Beast, Linda Woolverton aliandika onyesho dogo: Belle yuko nyumbani, anachomeka pini kwenye ramani, kila pini ni mahali anapotamani kufika. Muswada ukaenda kwa wachoraji. Ulipogeuka kuwa michoro iliyobandikwa ukutani, ramani haikuwapo wala pini hazikuwapo. Belle alikuwa jikoni, anapamba keki. Sidhani kama kuna aliyekusudia ubaya. Msichana wa hekaya, baba mzee, nyumba ya kijijini: mkono uliozoea uliingia jikoni wenyewe. Mwandishi akakataa. Baada ya mvutano kikapatikana kitabu, na kwa kuwa mtu anayesoma ametulia mno kwa filamu, Belle akapewa kusoma huku anatembea, kama Woolverton mwenyewe alivyokuwa akifanya utotoni. Ndiyo maana Belle tunayemjua anakatiza kijijini macho yakiwa kwenye kurasa, na pilikapilika zote za asubuhi zinampitia pembeni.

Naisifu kazi ya kuandika katuni kwa ajili ya mivutano ya namna hiyo. Kwenye filamu ya waigizaji, bahati husaidia. Mwigizaji hutupa jicho ambalo halikuandikwa popote, upepo ukapeperusha shuka, mbwa akapita, na onyesho likapata uhai. Kwenye katuni hakuna kinachojipitia. Kila sekunde moja ya filamu ni picha 24, na hakuna hata moja inayojileta. Mhusika hana kidole mpaka mtu amchore kidole, na hana tamaa mpaka mtu aamue anatamani nini. Asipopatikana wa kuamua, mazoea yataamua, na mazoea siku zote humpeleka Belle jikoni.

Woolverton alizaliwa Long Beach, California, akasomea sanaa za maonyesho, kisha akafanya michezo ya kuigiza ya watoto mashuleni, makanisani na kwenye maduka makubwa. Baadaye alifanya kazi ofisini katika kampuni ya televisheni ya CBS, akaacha, akaandika riwaya mbili za vijana pamoja na vipindi vya katuni za asubuhi ya Jumamosi. Mimi naona ile miaka ya maigizo ndiyo iliyomkomaza. Mtu mzima akichoshwa na mchezo huvumilia kwa adabu, akapiga makofi mwishoni. Mtoto haombi radhi. Anageuka, anamchokoza jirani yake, anataka kwenda chooni. Aliyewahi kusimama mbele ya hadhira ya aina hiyo anajua ni sentensi gani iliyompoteza msikilizaji, na hawezi tena kujidanganya kwamba watoto hawajaelewa kwa sababu ni watoto.

Alifika ofisi za Disney akiwa na nakala ya riwaya yake Running Before the Wind, akamwachia katibu, labda angetokea mtu wa kuisoma. Akatokea. Hivyo ndivyo alivyokuja kuwa mwanamke wa kwanza kuandika filamu ndefu ya katuni ya kampuni hiyo, ambayo wakati huo ilikuwa imekwisha kutengeneza katuni kwa zaidi ya nusu karne.

Kuajiriwa kulikuwa mwanzo tu. Toleo la awali la Beauty and the Beast, lililoongozwa na Richard Purdum kutoka London, halikuwa na nyimbo, na mwaka 1989 likatupwa, ikaanzwa upya. Akaletwa Howard Ashman, mtunzi wa maneno ya nyimbo, pamoja na Alan Menken wa muziki. Ashman alikuwa anaumwa Ukimwi, kwa hiyo wenzake ndio waliosafiri kumfuata jimboni New York, na Woolverton alikaa naye wakamjenga Belle pamoja. Ashman alifariki Machi 1991, miezi michache kabla filamu haijatoka.

Hapa pana jambo ambalo wengi hawalioni katika fani hii. Wimbo mzuri humla mwandishi wa mazungumzo. Wimbo wa ufunguzi wa filamu ile unamtambulisha Belle, unakitambulisha kijiji, unatuonyesha kwamba binti anasifiwa uzuri lakini haeleweki, na unamwingiza mwanamume anayemtaka kwa nguvu, yote kwa dakika chache. Mwandishi anayeipenda mno kalamu yake angeona ameporwa. Mwandishi wa kweli wa katuni huwa tayari amelitengeneza onyesho kiasi kwamba anaweza kulikabidhi kwa mtu mwingine alimalizie kwa njia isiyo yake, kisha anarudi kwenye kurasa zake kufuta kila neno ambalo wimbo umekwisha kulisema.

Na kufuta hakuishi. Michoro ya mwanzo, mingine ya penseli tupu, hupangwa ikawa filamu mbichi, ikawekewa sauti za muda, watu wakakaa gizani kuitazama. Panapopwaya wote wanapasikia. Onyesho linavunjwa, linaandikwa tena, linachorwa tena, huku sehemu nyingine ya filamu hiyohiyo imeshafika kwenye rangi. Sauti za waigizaji hurekodiwa kwanza, na mchoraji huufuata mdomo wa aliyesema, kwa hiyo neno moja likibadilika, kuna watu wanaorudi mezani kuanza upya. Mwandishi wa riwaya hukosea peke yake chumbani. Wa katuni hukosea mbele ya chumba kizima, na kosa lake lina bei. Siwezi kuwaheshimu vya kutosha watu wanaoishi hivyo kwa miaka, kisha kesho asubuhi wakaja na onyesho jipya lenye uchangamfu.

Kisha kuna The Lion King ya mwaka 1994, ambayo huku kwetu haihitaji kutambulishwa. Simba, Rafiki na Pumbaa walifika wakiwa na majina ya nyumbani, na baadhi ya watengenezaji wake walikuwa wamekuja Kenya kuitazama nchi. Muswada una majina matatu, Irene Mecchi, Jonathan Roberts na Woolverton, na Brenda Chapman alikiongoza kikosi cha wachoraji wa hadithi. Sitajaribu kugawa nani alileta kipi. Katuni nzuri ni kazi ya mikono mingi, na walioifanya ndio wanaojua.

Lakini litazameni onyesho la kifo cha Mufasa. Nyumbu wamekwisha kupita, vumbi linatua. Mtoto anamkuta baba amelala. Anamsukuma kwa kichwa. Anamvuta sikio kwa meno, kama anavyoamshwa mtu aliyelala tu. Anakwenda mbele kidogo anaita msaada, na bonde lote halina mtu. Anarudi, anaunyanyua mkono wa baba yake, anajilaza chini yake. Maneno ni machache mno. Mwandishi dhaifu angempa mtoto yule hotuba ya kuliza watu. Waandishi hawa walimpa mkono mzito usiokumbatia, na kila mtoto aliyewahi kulala ubavuni mwa mzazi ameelewa.

Halafu baba mdogo anatokea, anamtia mtoto hatia: kama si wewe, angekuwa bado hai. Hapo ndipo ninapouona ufundi wenyewe wa filamu ya familia. Bibi anaposimulia ngano jioni, wajukuu wamemzunguka na mama zao wanachambua mboga pembeni, hadithi ni moja na masikio ni ya aina mbili, naye hulisha yote. Kwenye onyesho hili mtoto aliyekaa kitini anaogopa pamoja na Simba, kwa sababu watoto huamini upesi kwamba mabaya ya nyumbani yametokana na wao. Mzazi aliyekaa kando yake anajua mtoto yule hana kosa, na anaumia kwa kuwa hawezi kupenya kwenye skrini kumwambia. Vilio viwili tofauti, sentensi ileile. Mchekeshe mkubwa kwa utani ambao mdogo haufahamu, hiyo ni kazi rahisi na inafanywa kila siku. Kuwaumiza wote wawili kwa ukweli mmoja, kila mtu kwa umri wake, ni wachache wanaoweza.

Heshima ilichelewa. Beauty and the Beast ilikuwa filamu ya kwanza ya katuni kushindanishwa kwa tuzo ya Oscar ya filamu bora, lakini muswada wake haukutajwa. Muswada wa kwanza wa katuni kupendekezwa ulikuwa wa Toy Story ya 1995. Hollywood, waandishi wengi wa katuni wamewekwa katika chama cha wafanyakazi wa katuni na si katika chama cha waandishi, kwa hiyo filamu inaporudiwa miaka nenda miaka rudi, hawapati yale malipo ya marudio ambayo wenzao hupata. Hilo ni dhuluma, na kulisifu jasho lao bila kulitaja ni kusifu nusu. Woolverton aliendelea mpaka Alice in Wonderland ya 2010, iliyopita dola bilioni 1 kwa mauzo, na Maleficent ya 2014, ambamo alimpa mchawi nafasi ya kueleza yaliyompata.

Ninapowaza wanaokuja, namfikiria Malenga Mulendema wa Zambia. Alikuwa mmoja wa walioshinda shindano la hadithi la studio ya Triggerfish ya Afrika Kusini mwaka 2015, na mwaka 2023 mfululizo wake, Supa Team 4, ukatoka Netflix: wasichana wanne wa shule wanaulinda mji wa Lusaka wa siku zijazo. Hakukuwa na mkono wowote duniani uliozoea kuwachora wasichana wale. Wanavyosimama, wanavyotaniana, wanachokitaka, hata mtaa wanaoukatiza wakienda shule, vyote vilimsubiri mtu aamue.