Hakuna Aliyemuuliza Pompey

Mtaani mhusika mkuu wa filamu tunamwita steringi, na kila mtoto anajua kwamba steringi hafi. Wanaokufa ni wengine. Woody Strode alikuwa miongoni mwa hao wengine kwa zaidi ya miaka 40, na kadiri ninavyozirudia filamu zake ndivyo ninavyoona kwamba neno “msaidizi” linaficha kazi aliyokuwa akiifanya.

Alizaliwa Los Angeles mwaka 1914. Mwaka 1946 yeye na Kenny Washington walisajiliwa na timu ya Los Angeles Rams, wakavunja ubaguzi uliowafungia wachezaji weusi nje ya ligi kuu ya futiboli ya Kimarekani kwa zaidi ya miaka 10. Hollywood nayo iliutaka mwili huo wa mwanamichezo. Tayari mwaka 1941 alikuwa amepewa nafasi ndogo katika Sundown, filamu ya Kimarekani inayosimulia Kenya ya kikoloni. Mrefu, mweusi, kifua kipana: simama pale, usiseme kitu.

Akasimama. Lakini tazama anavyosimama. Katika Spartacus (1960) yeye ni Draba, mtumwa anayelazimishwa kupigana na Spartacus mbele ya Warumi waliokuja kustarehe. Anamshinda. Badala ya kumuua, anawageukia Warumi wenyewe, anaparamia jukwaa lao, na hapo ndipo anapouawa. Hotuba hana. Maiti yake inaning’inizwa kichwa chini iwe funzo kwa wenzake, na funzo wanaloondoka nalo ni kuasi. Uasi unabeba jina la Spartacus; aliyeuwasha ameshatoka kwenye filamu.

Mwaka huohuo John Ford alimpa Sergeant Rutledge. Filamu inaitwa kwa cheo na jina la mhusika wake, ila jina la Strode liliwekwa chini ya la Jeffrey Hunter, aliyecheza kama wakili wake.

Inayoniuma zaidi ni The Man Who Shot Liberty Valance (1962), ya Ford pia. Humo Strode ni Pompey, mfanyakazi wa Tom Doniphon. Seneta Stoddard amejenga maisha yake ya siasa juu ya sifa ya kumuua jambazi Valance. Ukweli ni kwamba aliyefyatua ni Doniphon, gizani, kwa bunduki aliyorushiwa na Pompey. Miaka mingi baadaye Doniphon amekufa, na waandishi wa habari wanamzunguka seneta ili wapate kisa. Kando ya jeneza ameketi mtu aliyekuwapo usiku ule. Hakuna anayemuuliza. Seneta anamwachia fedha kidogo, anaondoka.

Wapo watakaosema Ford alikusudia, kwamba ukimya wa Pompey ni lawama kwa nchi iliyoandika historia yake bila kuwauliza watu weusi. Nakubali nusu. Darasani, Pompey anasahau maneno ya Azimio la Uhuru yanayosema watu wote wameumbwa sawa, na Stoddard anamjibu kwamba wengi huyasahau. Kwa hiyo Ford aliona. Lakini aliyeona hakumpa Pompey hata sentensi moja ya kusimulia usiku ule. Lawama yote imeachwa ibebwe na uso wa Strode, naye anaibeba bila kulia wala kuomba huruma yetu.

Ilimbidi aende Italia ili apate kuwa steringi wa kweli. Mwaka 1968, katika Seduto alla sua destra ya Valerio Zurlini, alicheza kama kiongozi wa Kiafrika aliyechorwa kwa mfano wa Patrice Lumumba. Anakamatwa, anateswa, anauawa. Hata alipokuwa steringi, alikufa.

Strode mwenyewe alifariki tarehe 31 Desemba 1994. Ukiitazama ile filamu ya Ford, seneta akianza kusimulia, kumbuka aliyeketi na jeneza.