Fundi wa Kusikiliza Mpira

Mechi ni saa 10 jioni. Kwa mzee mmoja wa Nkwenda, wilayani Kyerwa, kazi ya kuisikiliza inaanza saa 8 mchana, tena inaanza na betri. Anazitoa zote nne kwenye redio, yale mawe makubwa ya volti moja na nusu, na kuzilaza juu ya kipande cha bati kando ya kahawa iliyoanikwa. Anajua vizuri kwamba jua haliwezi kufufua betri iliyokufa. Anachotafuta ni ile nguvu kidogo iliyosalia ndani, ambayo joto huiamsha kwa muda mfupi, na muda wenyewe anaouhitaji ni dakika 90 na mapumziko. Siku ya Simba na Yanga hafanyi mzaha: ananunua mpya, zote nne kwa mpigo. Betri mpya na kuukuu hazichanganyi kamwe, kwa kuwa ile kuukuu huila mpya.

Betri zikiwa juani, anageukia redio. Anachukua kipande cha msasa kilichochakaa, anasugua vibati na springi za pale betri zinapokaa, kimoja baada ya kingine, halafu anapuliza vumbi. Kutu nyembamba kama ukungu inatosha kukata umeme katikati ya shambulizi. Redio yenyewe ni ya zamani, ya bendi tatu, na kifuniko chake cha nyuma kimefungwa kwa ukanda wa mpira wa tyubu. Kamba inayovuta mshale wa stesheni iliwahi kukatika, na fundi mmoja wa Omurushaka akaweka uzi wa nailoni mahali pake. Tangu siku hiyo mshale hausemi kweli. Unaonyesha kushoto kidogo ya stesheni ilipo. Mzee hakurudi kulalamika. Alichukua kalamu ya wino akaweka alama ndogo juu ya kioo, na alama hiyo ndiyo anayoifuata.

Inayofuata ni kazi ngumu kuliko zote, kupata mawimbi. Karagwe na Kyerwa ni nchi ya milima na mabonde. Zilikuwa wilaya moja hadi mwaka 2012, na katika zote mbili watu wengi wanaishi kwenye miteremko, ndani ya migomba. Mawimbi ya FM husafiri takriban kwa mstari ulionyooka, kwa hiyo mlima ukikaa kati ya mtambo na nyumba, nyumba inabaki kivulini. Mengi yanayofika yanakuwa yamegonga mlima wa pili na kurudi, na yale yaliyorudi yakikutana na yaliyokuja moja kwa moja, sauti inachafuka. Ndiyo maana redio ileile inaweza kukoroma ikiwa dirishani na kuongea vizuri ukiisogeza shubiri mbili tu. Mzee amekwisha kuutafuta uwanja wake wote: dirisha, kigoda cha jikoni, ukingo wa baraza, hata tawi la mparachichi. Mahali pazuri ni kona ya baraza upande wa mashariki, juu ya kigoda, kimo cha goti. Ukikalia kile kigoda siku ya mechi utaombwa kwa adabu uhame.

Antena haivuti yote. Vijana hudhani kwamba ikiwa ndefu zaidi itashika zaidi, na kwa masafa mafupi ni kweli. Kwa FM urefu wa sentimita 75 hivi, robo ya wimbi lenyewe, unatosha. Anavuta vipande vinne, anakiacha cha tano ndani, anailaza kidogo kuelekea mlimani.

Halafu anashika kitufe cha kutafutia. Kidole gumba na cha shahada ndivyo vinavyozungusha. Vile vingine vitatu vinaegemea ubavu wa redio ili mkono usitetemeke. Hapa Kyerwa kitufe hicho kinahitaji subira, kwa sababu ng'ambo ya Mto Kagera ni Rwanda na Uganda, na sauti za huko hazisubiri pasipoti. Kinyarwanda kinapita, Kinyankole kinapita, muziki wa kwaya unapita. Katika FM stesheni mbili zikigombea mahali pamoja haziongei kwa pamoja. Yenye nguvu huimeza nyingine nzima, na dakika inayofuata huenda ikamezwa yenyewe. Mzee anaipita stesheni anayoitaka, anasikia mvumo upande wa pili, anarudi, anasikia mvumo upande wa kwanza, kisha anaweka katikati. Nilidhani amemaliza. Kumbe mkono wa mtu nao unashika mawimbi. Ukiuondoa, sauti inabadilika. Kwa hiyo anaiacha redio ikiwa imeharibika kidogo, kwa kipimo anachokijua yeye, halafu anaondoa mkono taratibu, na sauti inajinyoosha yenyewe wakati kiganja kinaondoka. Sijawahi kuona mtu mwingine akifanya hivyo kwa makusudi.

Ujuzi huu aliupata kwenye masafa ya kati na masafa mafupi, enzi za Radio Tanzania Dar es Salaam (RTD), na redio za National zilizotengenezwa na kiwanda cha Matsushita palepale Dar es Salaam. Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi mwaka 1994. Mtu wa Karagwe aliyetaka mpira alikuwa na njia moja tu. Ndani ya redio ya masafa ya kati kuna kijiti cheusi kilichozungushiwa waya wa shaba, na kijiti hicho kina upande: ncha yake ikielekea mtambo, sauti inafifia, ubavu ukielekea, sauti inajaa. Mzee anakikumbuka kipimo hicho kwa mwili, kiasi cha kuweza kukuonyesha kwa kiganja upande ambao redio ilikuwa inatazama usiku wa kutafuta stesheni za mbali. Mwaka 1979 Taifa Stars ilipotoka sare ya 1–1 na Zambia kule Ndola, kwa bao la kusawazisha la Peter Tino dakika za mwisho, na kufuzu Kombe la Mataifa ya Afrika la mwaka 1980 nchini Nigeria, nchi nzima ilikuwa na masikio tu.

Saa 10 kasoro robo anakaa. Mkewe, ambaye ni Yanga wakati yeye ni Simba, ameshakaa upande wa pili na ungo wa maharage ya kuchambua. Majirani wanafika mmoja mmoja, wanasalimiana, kikapu kidogo cha kahawa ya kutafuna kinazungushwa, na mazungumzo yanashuka yenyewe. Hakuna aliyetangaza sheria, lakini kila mtu anaijua: mtangazaji akianza kusoma vikosi, kimya.

Vikosi husomwa haraka. Mzee ana daftari la shule na penseli iliyochongwa kwa kisu. Hafuati mpangilio wa kwanza hadi wa kumi na moja; anaandika kila jina mahali mchezaji anapocheza, kipa chini, mabeki juu yake, viungo, washambuliaji, na timu ya pili upande wa juu wa ukurasa. Anaandika silabi mbili za kwanza na namba ya jezi, basi. Akikosa jina anaacha nafasi wazi, haulizi mtu, kwa sababu akiuliza atakosa na linalofuata. Nafasi hiyo ataijaza mchezaji huyo akigusa mpira.

Kisha mtangazaji anasema timu ipi inashambulia kutoka kushoto kwenda kulia mwa redio yako. Watu wa Afrika Mashariki wamelisikia neno hilo tangu utotoni, wengi bila kulifanyia kazi. Mzee analifanyia kazi. Redio yake haiwezi kugeuzwa, imeshawekwa inavyotaka kukaa, kwa hiyo anageuza kigoda chake mpaka aikabili uso kwa uso, halafu analigeuza daftari ili lango la ukurasani liwe upande uleule. Uingereza, mpira ulipotangazwa redioni moja kwa moja kwa mara ya kwanza, tarehe 22 Januari 1927, Arsenal na Sheffield United, BBC walichapisha kwenye gazeti lao ramani ya uwanja iliyogawanywa visanduku 8, na mtu wa pili kando ya mtangazaji akawa anataja namba ya kisanduku mpira ulipo. Msikilizaji wa London alipewa ramani. Huyu wa Nkwenda amejichorea mwenyewe, na yake ina majina.

Mpira ukianza, kidole chake kinaanza safari. Kidole cha shahada cha mkono wa kushoto kinahama ukurasani kutoka jina hadi jina: beki wa kulia, kiungo, winga, krosi, kinavuka karatasi nzima na kutua kwenye eneo la hatari. Mtangazaji akisema "mpira unatoka nje, unakwenda kurushwa," kidole kinakwenda pembeni na kusubiri. Mtangazaji akisahau kutaja aliye na mpira, kidole kinaning'inia hewani, nacho kinasubiri. Mchezaji akitolewa anamkata kwa mstari mmoja mwembamba, jina libaki likisomeka, na anaandika dakika kando yake. Zamani timu ilibadilisha wachezaji wawili tu. Siku hizi ni watano, na ukurasa unajaa mistari. Mara moja nilimsikia akisema taratibu, bila kuinua macho, "Huyo alishatoka." Dakika moja baadaye mtangazaji akajisahihisha.

Mjukuu anauliza, "Babu, nani kafunga?"

"Bado, mjukuu wangu. Sikiliza watu."

Watu anaosema ni wale walioko uwanjani. Nyuma ya sauti ya mtangazaji kuna sauti ya maelfu, na mzee husikiliza hiyo kwanza. Uwanja wa Benjamin Mkapa unachukua watu 60,000, nao wanaona kabla mtangazaji hajapata neno. Kelele inayopanda polepole ni mtu anakimbia na mpira pembeni. Kelele inayokatika ghafla na kufuatwa na mguno mrefu ni shuti lililotoka nje. Bao la wenyeji ni mlipuko usioshuka. Bao la wageni ni kimya, na ndani ya kimya hicho kundi dogo linapiga kelele kwa mbali. Siku ya watani anaweza kupambanua hata kelele zinatoka upande gani wa mashabiki. Mawimbi yakipotea katikati ya shambulizi, majirani wanaruka kusogeza antena. Yeye anawazuia kwa kiganja. Sauti huwa inarudi yenyewe, na kelele itakayorudi nayo itaeleza kilichotokea.

Sauti ya redio haipandishi juu, hata watu wakifika kumi na tano. Betri zilizochoka zikilazimishwa kupiga kelele, kila neno kubwa linazinyonya, spika inakoroma, na neno kubwa kuliko yote ni lile la bao. Heri watu wasogee.

Kipindi cha pili kikikaribia mwisho, mtangazaji wa Dar es Salaam anasema taa za uwanja zimewashwa. Baraza la Nkwenda bado lina jua. Huku magharibi jua linazama takriban nusu saa baada ya kuzama Pwani, kwa hiyo jioni ya uwanjani inasikilizwa mchana wa migombani, na wazee hawa wamezoea kuuona uwanja ukiingia jioni ambayo hapa haijafika.

Pale senta ya Nkwenda vijana wanatazama mechi hiyohiyo kwenye kibanda umiza, na siwalaumu. Picha ni tamu. Wengine wanasikiliza kwa simu ndogo, waya wa visikizi ukiwa ndio antena. Lakini picha ya king'amuzi hupanda hadi kwenye setilaiti na kushuka, ikifungwa na kufunguliwa njiani, na mara nyingi inachelewa sekunde kadhaa nyuma ya redio. Baraza la mzee limeshashangilia na kunyamaza wakati kibanda kinaanza kupiga kelele. Mkewe, mikono ikiwa kwenye maharage, husikia kelele za kibanda na kusema tu, "Hao ndiyo kwanza wameona."

Nusu ya kazi hii ni ya msikilizaji. Nusu nyingine ni ya mtangazaji, na mzee hawaweki wote kwenye kapu moja. Anawataja kwa heshima Ahmed Jongo na marehemu Charles Hilary, aliyefariki Mei 2025 baada ya maisha marefu ya kipaza sauti kuanzia RTD. Sifa anayowapa ni moja: walikuambia mpira uko wapi kabla ya kukuambia ni mzuri kiasi gani. Nakubaliana naye kabisa. Tambo na vijembe vina raha yake, lakini vikipita dakika nzima bila kutaja aliye na mpira, kidole cha msikilizaji hakina pa kwenda.

Kwa hiyo nina ombi kwa watangazaji wetu wa leo, wa redio ya taifa na wa redio za wilayani. Tajeni matokeo na dakika mara kwa mara, kwa sababu kuna mtu ametoka shambani sasa hivi na kuwasha redio. Semeni mpira uko upande gani na ni nani anao. Timu zikibadilishana magoli, tuambieni tena nani anakwenda kulia na nani kushoto. Na kila mnapofika mapumziko, rudieni majina ya walioingia na waliotoka, polepole, ili anayeandika amalize kuandika.